Siku moja na bomba mgongoni

Saa 11 alfajiri naosha chujio la bomba la kupulizia dawa ya wadudu wa miti, nakagua nozeli, nafunga ngazi juu ya bajaji pamoja na gambuti, barakoa na glavu. Hapa Dar wengi wanatuona sisi wapuliza dawa kama watu wa kubeba sumu na kupampu tu. Nusu ya kazi hii, na ndiyo ninayojivunia, ni kugeuza majani na kutazama.

Saa 2, Kinyerezi. Mwembe mchanga una viwavi wa miiba, wale ambao wakikugusa mkono unawaka moto. Hawajatapakaa. Nakata vijitawi walivyokaa, natumbukiza kwenye ndoo ya maji ya sabuni, basi. Watoto wa mle ndani wanacheza chini ya mti huo. Pasipohitaji sumu, simwagi.

Saa 4, Kimara, kwa mzee mmoja mstaafu.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba. Umechelewa. Mwaga dawa, jioni nina wageni wa posa."

Milonge yake imebaki vijiti. Nainamisha tawi: majani yaliyosalia yameshikanishwa kwa nyuzi nyembamba, na ndani yake viwavi wadogo kama punje za mchele wanatafuna. Hao ni watoto wa nondo aliyetaga mayai. Juu kuna maua, nyuki wamejaa. Namweleza kwamba mchana huu sipulizi.

Akaingia stoo, akatoka na chupa iliyochanika lebo. "Tumia hii, inaua mpaka nyoka."

Nikakataa. Chupa isiyo na lebo hujui kipimo chake, wala siku za kusubiri kabla ya kuchuma, na nyumba hii inakula mboga ya mlonge. Akapandisha sauti kwamba amemwita fundi, si mwalimu. Akampigia mwanawe, mwanawe akataka kuongea na mimi, nikaanza upya: nitaleta dawa iitwayo Bt, ni bakteria, kiwavi lazima ale jani lenye dawa ndipo utumbo wake uharibike. Jua linaiharibu upesi, kwa hiyo hupulizwa jioni. Inawaweza zaidi viwavi wadogo, na hawa bado wadogo. Nyuki haiwadhuru. Simu ikarudi kwa mzee, mzee akasema hajaelewa, tukarudia tena mpaka adhuhuri ikaadhiniwa. Nilikuwa nimesimama juani muda wote huo, na heshima kwa mkubwa inachosha kuliko ngazi. Mwishowe akasema, "Haya, njoo hiyo jioni yako."

Mchana nimekagua miti kwa wateja wengine, nikala kwa mama ntilie, sikumbuki hata nilikula nini.

Jioni nimerudi. Lita 16 mgongoni, shingo juu, kila tawi napuliza kutokea chini kwa sababu viwavi wamejificha upande wa chini wa jani. Wageni wameketi barazani, mimi nimelowa jasho ndani ya barakoa. Mzee akanilipa nusu. Nusu nyingine akiona wamekufa.

Usiku nimelala kifudifudi, mgongo haushikiki, simu ikaita. "Kijana, bado wanatembea!"

"Watatembea, mzee, ila hawali. Kufa ni siku mbili tatu. Tandika shuka jeupe chini ya mti usiku huu. Asubuhi tazama vinyesi vyao vyeusi: vikiwa vimepungua, dawa imeshaingia tumboni. Vikiwa vingi kama leo, nipigie, nakuja na bomba bila kukudai nauli."