Mbwa aliyezoea mnyororo, sasa ajifunze kutembea na kamba

Jamani nina mbwa mpya, dume, wa kienyeji tu, kapewa mimi na mzee mmoja aliyekuwa anahama, na huko alikotoka alikuwa anafungwa mnyororo mchana anafunguliwa usiku alinde, si mnajua wanavyofugwa huku Dar. Sasa huyu kwake kamba maana yake kafungwa, basi. Ukimvisha kola ukavuta kidogo tu analala chini kama gunia la mkaa, na watoto wa jirani wapo getini wanacheka.

Kila mtu anakwambia mvute tu atazoea. Hapana bwana. Mbwa ukimvuta mbele anarudi nyuma, ukikaza na yeye anakaza, na kola inamkaba koo anaanza kukohoa. Dawa ni kumfunga kamba nyepesi aiburute mwenyewe humo humo ndani ya uzio, anakula nayo, anacheza nayo, hakuna anayeishika, ila uwepo karibu asije akanasa mahali. Mpaka asahau kama ipo.

Afu dagaa. Wale wakavu wa Mwanza, usiweke chumvi. Namshikia dagaa usawa wa goti langu la kushoto, akija na kamba imelegea anapata, hatua mbili tatu anapata tena. Akivuta nasimama, simgombezi, sisemi kitu. Ananiangalia, anageuza sikio moja, anarudi nusu hatua, kamba ikilegea tu tunaendelea. Inachosha kwakweli, siku za mwanzo hata duka la mangi hamfiki, lakini ndo kazi yenyewe, maana ukimfuata kila akivuta umeshamfundisha kwamba kuvuta kunalipa.

Tunatoka saa kumi na mbili asubuhi. Mchana lami inaunguza, weka kiganja chako pale, ukishindwa kuvumilia sekunde tano ujue nyayo zake nazo zitaungua. Shida ya hiyo asubuhi ni wazee wanaotoka msikitini, na mate ya mbwa yakimgusa mtu ni kuosha mara saba, moja kwa udongo, kwahiyo nikiwaona nafupisha kamba na kuhamia upande wa pili wa barabara, tunasalimiana kwa mbali na hakuna ugomvi. Chanjo ya kichaa lazima iwe tayari kabla hujamtoa nje, usinibishie, mbwa wa jalalani hawana kadi na wanakuja kunusa.

Bodaboda bado zinamsumbua. Nikisikia mlio nasogea pembeni na kumpa dagaa kabla pikipiki haijafika, sa hivi akiusikia anaangalia mfuko wangu kwanza, mjanja huyu. Wiki ijayo nataka tupite njia ya sokoni, pale mabuchani, tuone kama dagaa wangu watafua dafu mbele ya mifupa.