Mtu wangu wa Chamazi: Jumatatu moja kati ya Keko na Chang'ombe

Saa 11 alfajiri

Simu imelia adhana haijaisha. Ujumbe wa WhatsApp kutoka kwa kijana wangu wa Chamazi: "Shikamoo dada. Leo sitafika karakana, tumbo linanisumbua." Jumatatu iliyopita lilikuwa jino. Ile ya kabla yake, msiba wa jirani. Nimemjibu "pole" nikageukia ukutani, lakini usingizi umeshakatika.

Kazi yangu, kwa usiyeifahamu, ni hii. Natafuta vijana waliokaa tu nyumbani, nawapeleka kwa mafundi samani wa Keko, hapa Dar es Salaam, wakajifunze miezi sita. Huku nako nahangaikia oda: viti vya mgahawa, meza za shule, makabati ya ofisi. Oda nikiipata naigawa kwa karakana zinazopokea vijana wangu, na mimi nabaki na asilimia kumi inayolipa pango la ofisi na mshahara wangu, mwezi unaporuhusu. Wafadhili wananiita mjasiriamali jamii. Mama yangu akiulizwa binti yako anafanya nini, anajibu, "Yuko kwenye mambo ya mbao." Mama yuko karibu zaidi na ukweli.

Saa 1 na nusu asubuhi

Keko imeshaamka. Anayepita barabarani huona makochi yaliyopangwa nje, yamefunikwa nailoni. Kazi yenyewe iko nyuma, chini ya mabati, vumbi la msasa limekaa mpaka kwenye nyaya za umeme, harufu ya vanishi inakukata koo.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba mwanangu. Mtu wako hajaja."

Kijana ana jina, na mzee analijua. Ukiona fundi ameacha jina la mwanafunzi na kuanza kusema "mtu wako", ujue amefika mwisho. Sikumjibu. Nimevuta stuli nikakaa kumtazama binti wa Tandika, ambaye wiki hii ni ya tano kwake, akipiga randa ubao wa mninga.

Wiki ya kwanza alikuwa akiisukuma randa kwa viwiko, saa moja tu mabega yamekufa. Leo amesimama mguu mmoja mbele na anasukuma kwa mwili mzima. Ila randa ilikuwa inakwama, inang'oa vipande na kuacha vishimo. Mzee alikuwa anapima kitu kingine pembeni, hata hakugeuka.

"Hiyo sauti umeisikia?"

"Inakwaruza, mzee."

"Unakwenda kinyume na mbao. Igeuze."

Akaugeuza ubao, kichwa kikawa mkiani. Safari hii randa ikatoa sauti kama ya mtu anayechana khanga mpya, na maranda yakaanza kutoka marefu, mekundu kidogo, yakijikunja mpaka miguuni pake. Akaokota moja akaliangalia kwenye mwanga. Mzee naye akaja, akapitisha kiganja juu ya ubao, akaondoka bila kusema kitu. Kwa mzee huyu, hiyo ndiyo sifa.

Saa 4 asubuhi

Nimepitia chuo cha ufundi cha VETA Chang'ombe, si mbali na hapo, kuulizia urasimishaji wa ujuzi. Ni ule utaratibu wa kumpima fundi aliyejifunzia mtaani na kumpa cheti bila kumrudisha darasani. Mwombaji ni mzee mwenyewe. Amefundisha watu wasio na idadi, baadhi yao leo wana karakana kubwa kuliko yake, na hana hata karatasi moja inayosema yeye ni fundi. Alikuwa anakataa ("nipimwe na mtoto niliyemzidi umri?") mpaka oda moja ya taasisi ilipotupita kwa sababu walitaka vyeti vya mafundi. Nimeelezwa vinavyohitajika, nikaviandika kwenye daftari.

Saa 5 na nusu

Ofisi ya kata. Vijana watano waliomaliza mafunzo wameunda kikundi, wanataka mkopo wa halmashauri. Ni ile asilimia kumi ya mapato ya ndani inayogawanywa nne kwa wanawake, nne kwa vijana na mbili kwa watu wenye ulemavu. Haina riba, na tangu 2018 imo kwenye sheria. Ilisimamishwa 2023, ikarudi 2024, na waliokuwa kwenye foleni wakati ule wengi walishatawanyika kila mtu na njia yake.

Hawa wamejitahidi. Katiba ya kikundi ipo, muhtasari wa kikao upo, akaunti ya benki ipo, andiko la mradi nimewasaidia kulinyoosha. Tumekwama kwenye herufi: mmoja wao, jina la katikati kwenye kitambulisho cha taifa (NIDA) linaanza na "H" na benki wameandika bila "H". Afisa alikuwa mstaarabu, ametuonyesha pa kurekebisha. Mwenyekiti wa kikundi alitaka kulia. Nimemwambia herufi moja ni afadhali, mwaka jana nilikuwa na kijana aliyekuwa na tarehe mbili za kuzaliwa.

Saa 7 mchana

Wali maharage kwa mama ntilie, na mchicha juu. Nikiwa nakula nikapiga simu Chamazi, akapokea mama yake.

"Shikamoo mama. Mgonjwa anaendeleaje?"

"Mgonjwa gani tena? Huyu katoka na pikipiki ya mjomba wake tangu alfajiri."

Nikaweka kijiko chini. Basi anapiga deiwaka. Jumatatu mjomba hupumzika, yeye huichukua bodaboda. Akishatoa hesabu ya mjomba na mafuta, anabaki na kama elfu kumi na tano. Nikageuza daftari nikapiga hesabu yangu. Chamazi hadi Rangi Tatu gari moja, Rangi Tatu hadi Keko gari la pili, kwenda na kurudi ni kama elfu mbili na nusu kwa siku. Jumanne hadi Jumamosi, elfu kumi na mbili na mia tano. Inayobaki haimtoshi kula mchana siku tano, ndiyo maana mara nyingi namkuta saa saba amelala juu ya maranda huku wenzake wanakula.

Huyu tulikuwa tunamwita mtoro. Kumbe anatega siku moja ili aje tano.

Nikafungua kurasa za nyuma, za walioacha. Wengi waliacha kabla ya wiki ya nne, na pembeni nimeandika kwa mkono wangu mwenyewe: "hana nia". Sikuwahi kuandika mtu anakaa wapi.

Saa 9 alasiri

Kikao cha mtandaoni na mfadhili. Slaidi ya kwanza huwa ile ile: Sensa ya 2022, Watanzania milioni 61.7, sehemu kubwa vijana, picha ya kijana anacheka na kompyuta mpakato. Sijui kwa nini kwenye hizi picha hakuna anayeshika msumeno.

Bajeti ina fungu la semina ya kujitambua, siku tatu hotelini, chai ya saa nne, fulana. Nikauliza: fedha za fulana peke yake zinaweza kugeuka nauli ya wiki nne za mwanzo? Kimya. Halafu dada mmoja, mpole kweli, akanieleza kuwa nauli "haijengi uwezo" na inaleta utegemezi. Nikamuuliza yeye alifikaje kazini leo. Sikupaswa. Intaneti ikakatika muda huo huo, na wala sikuwa na haraka ya kurudi.

Saa 11 jioni

Keko tena. Nimemweleza mzee habari ya deiwaka. Akanyamaza, anafuta patasi kwa tambara.

"Mimi nilipojifunza, nililala karakana. Hapo penye maranda. Fundi wangu alikuwa ananilisha, na mkewe akinifulia. Hiyo nauli tuliijulia wapi?"

"Sasa huyu hawezi kulala hapa, mzee."

"Hawezi. Mwenye eneo hataki, na mimi siwezi kulisha mtu." Akafikiri. "Zile stuli za mgahawa ngapi?"

"Ishirini na nne."

"Apige msasa yeye. Buku kila moja. Lakini akiacha mikwaruzo, anarudia bure."

Stuli kumi na mbili kwa wiki ni elfu kumi na mbili, nauli karibu yote. Italipwa Jumamosi, wakati nauli inatakiwa kesho. Nimeitanguliza wiki ya kwanza kutoka kwenye asilimia kumi yangu. Baada ya wiki mbili stuli zitakuwa zimekwisha. Nitafute oda nyingine.

Saa 3 usiku

Nimempigia mwenyewe. Alipopokea nikasikia pikipiki inanguruma, ikazimwa.

"Tumbo linaendeleaje?"

Kimya. Kisha, taratibu: "Dada, mama kakwambia."

"Kaniambia. Nimekutumia ya wiki nzima. Si zawadi, utaikatwa kwenye stuli. Na kesho mchana ule."

"Sawa dada. Saa moja kamili nipo."

Kwenye daftari, mbele ya jina lake, nimefuta "mtoro" kwa mistari miwili. Nimepiga mstari wima pembeni ya ukurasa, juu yake nikaandika "Anatoka wapi, magari mangapi", na nimeanza kujaza: Chamazi, mawili. Tandika, moja. Huyu wa tatu simjui, itabidi nimuulize kesho.