Alhamisi jioni, panchali ya Lakshmi

Alhamisi, katika nyumba nyingi za Wahindu wa Bengali, husomwa panchali, yaani utenzi wa kusimulia habari za mungu, ya Lakshmi, mungu wa kike wa neema na utajiri, na msomaji kwa kawaida ni mama mwenye nyumba, si kuhani. Huwekwa chungu cha maji chenye kitawi cha mwembe cha majani matano. Sakafuni huchorwa nyayo za Lakshmi kwa rojo la mchele uliolowekwa ukasagwa. Likiwa jepesi linatambaa, vidole vinaungana. Na vidole vielekee ndani, jamani, maana anakaribishwa, haagwi! Kila mstari wa panchali una mizani 14: nane, kituo, kisha sita, mistari miwili miwili ina kina kimoja. Wengi hukiruka kituo, wimbo unageuka taarifa ya habari. Mwisho hupulizwa kombe la baharini, na vigelegele.