Nje ya geti la hoteli: siku moja kutoka Montego Bay hadi Accompong

Mtu aliyekulia pwani yetu haiendei Karibi kwa sababu ya mchanga mweupe. Mchanga upo Diani, upo Nungwi, na maji ni ya vuguvugu vilevile. Ndiyo maana hunishangaza Mswahili wa Toronto au Houston anayepata tiketi ya bei poa kwenda Jamaika, akafungwa bangili ya plastiki pale mapokezi, na likizo ikaisha hajavuka geti. Chakula kimeshalipiwa, vinywaji vimeshalipiwa, basi kutoka nje anaona ni kutupa hela. Hesabu hiyo naielewa. Ila kile ambacho Jamaika inacho na Nungwi haina hakiko ufukweni. Kiko ndani, milimani, na kukifikia kunataka siku moja iliyopangwa vizuri.

Kupanga ndiko kwenye kazi. Dawati la safari la hoteli litakupa maporomoko ya Dunn's River, Nine Mile alikozaliwa Bob Marley, na jumba la Rose Hall. Si pabaya, lakini mara nyingi unakwenda na basi zima. Mimi nitashika safari moja tu, ya kwenda Accompong, kwa sababu inaonyesha waziwazi kwa nini kundi dogo si anasa.

Accompong iko parokia (yaani wilaya) ya St. Elizabeth, kwenye ukingo wa Cockpit Country. Hiyo ni nchi ya mawe ya chokaa iliyotobokatoboka: vilima vya mviringo vimesongamana, na kati yake mna mabonde yasiyo na mto kwa kuwa maji yote huzama chini. Ardhi hiyo iliwasumbua Waingereza kweli kweli. Wamaroon, yaani watu waliotoroka utumwa pamoja na vizazi vyao, walipigana nao humo hadi mwaka 1739, kiongozi wao Cudjoe alipofunga mkataba na Kanali John Guthrie. Watu wake wakatambuliwa kuwa huru na kutengewa ekari 1,500, karibu miaka mia moja kabla utumwa haujakomeshwa kisiwani. Mpaka leo mji wao wa Accompong una chifu wake anayechaguliwa kwa kura, na mvutano na serikali ya Kingston juu ya mamlaka, mipaka na uchimbaji wa boksiti haujaisha.

Sasa saa. Kutoka Montego Bay, mji wa hoteli za pwani, hesabu saa mbili hadi mbili na nusu za gari, na kurudi vivyo hivyo. Ziara ikitangazwa kuwa ya saa tisa, tano zimeshaliwa na barabara. Zinabaki nne, na hizo nne ndizo unazolipia. Kila kituo kinachoongezwa kinakatwa humo: kiwanda cha rumu cha Appleton, ambacho kimekuwapo tangu 1749, maporomoko ya YS, mashua ya kutazama mamba Mto Black. Ukiona tangazo lina vituo vitano, jua siku yako itapita dirishani. Kituo kikubwa kimoja na kidogo kimoja njiani vinatosha.

Mwizi mkubwa wa muda, hata hivyo, ni kuokota abiria hotelini. Hoteli zimejipanga kando ya bahari kwa kilomita nyingi, na kila moja ina mlinzi wa geti, orodha ya majina, na mgeni mmoja ambaye bado yuko kwenye kifungua kinywa. Hesabu dakika kumi mpaka kumi na tano kwa hoteli. Hoteli tano, saa nzima imekwenda na bado mko lami ya pwani. Kwa hiyo kabla ya kulipa uliza mambo mawili: nitaokotwa wa ngapi, na gari litatoka mjini saa ngapi? Jibu zuri ni saa moja na nusu asubuhi, ili saa nne mwe kijijini. Wakianza saa tatu, mtafika jua liko utosini, mvua ya alasiri itawakuta njiani, na Desemba, jua likizama kabla ya saa kumi na mbili, mtarudi kwenye kona zisizo na taa.

Kundi zuri ni la watu wanane hadi kumi na wawili. Sababu ya kwanza ni gari. Idadi hiyo inaingia kwenye Hiace, na Hiace inapanda njia za juu ya mji mdogo wa Maggotty ambazo basi kubwa linazipita kwa taabu likikutana na lori la viazi vikuu. Sababu ya pili ni masikio: mwongozaji akisimama kando ya mti na watu kumi, wote wanamsikia bila kipaza sauti. Ya tatu ndiyo naipenda zaidi. Watu kumi wanaweza kupikiwa nyumbani kwa mtu. Watu arobaini ni lazima wapelekwe mgahawani, na mgahawa wa watu arobaini hupika chakula kilekile cha hotelini.

Gari lenyewe likague kabla ya kupanda. Magari yenye leseni ya kubeba abiria Jamaika yana namba nyekundu, na waongozaji hupewa leseni ya utalii kupitia TPDCo, shirika la serikali linalosimamia bidhaa za utalii. Wanaendesha kushoto kama kwetu, lakini kona za milimani ni kali na mashimo hayakosi. Mwenye kichefuchefu cha gari akae mbele, ameze dawa nusu saa kabla ya kuondoka, na ule mlima wa mayai na soseji wa hotelini auache kwa siku hiyo.

Mkifika Accompong mnalipa ada ya mji na kukabidhiwa mwongozaji wa hapohapo. Hilo lisirukwe. Kama aliyewaleta anataka kueleza kila kitu mwenyewe huku mwenyeji amesimama pembeni, mmeuziwa maneno ya mitumba. Matembezi ni ya kama saa mbili kwa mwendo wa pole: jengo la makumbusho, makaburi, kisha mti wa Kindah, mwembe mkubwa ambao chini yake jamii hukusanyika. Njia ni mawe ya chokaa yenye ncha, na yakilowa yanateleza. Kandambili za ufukweni ndizo zinazowaangusha watu hapa. Vaa raba zilizofungwa kisigino, beba maji lita moja na nusu, na paka dawa ya mbu kwenye vifundo vya miguu, maana huko ndiko wanakouma.

Kuna swali moja ambalo wageni huona haya kuuliza, nami naona ndilo linalostahili safari nzima. Mkataba wa 1739 uliwapa Wamaroon uhuru wao, lakini uliwataka pia wawarudishe watumwa wengine watakaotoroka na kuisaidia serikali kuzima maasi. Hawakuishia kuahidi tu. Mwaka 1760 Tacky, kiongozi wa maasi makubwa, aliuawa na mdunguaji Mmaroon. Na katikati ya Montego Bay, pale mlipoanzia safari asubuhi, kuna uwanja wenye jina la Sam Sharpe, aliyenyongwa 23 Mei 1832 baada ya uasi wa watumwa wa parokia hizo za magharibi, uasi ambao Wamaroon nao walisaidia kuuzima. Mwongozaji anayelijua jambo lake atakueleza hali ya mtu aliyezingirwa, anayetafuta namna ya kuokoa watoto wake, wala hatakuficha upande wa pili. Uliza kwa nini walikubali, ila usiulize kwa sauti ya hakimu. Sisi wenyewe tuna Bagamoyo na Mkunazini, na tunajua nani alileta misafara kutoka bara.

Omba kuonyeshwa abeng. Ni pembe ya ng'ombe, na haipulizwi kwenye ncha. Tundu la kupulizia, la pembe nne, limechongwa ubavuni karibu na ncha, upande uliopinda kwa ndani. Mpulizaji huibana midomo, pembe ikilala mlalo, na kidole gumba kinaziba na kuzibua kitobo kidogo cha nchani ili sauti ipande na kushuka. Ni familia moja na baragumu letu, na siwa ya Lamu pia, ambayo nayo hupulizwa ubavuni. Vitani ilitumika kupeleka habari kutoka kilima hadi kilima: askari wangapi, wanatokea wapi. Mgeni akipewa ajaribu, mara nyingi hutoa pumzi tupu, kwa sababu anajaza mashavu upepo. Kaza midomo, puliza kidogo, acha itetemeke.

Chakula cha mchana kinafaa kuwa sehemu ya somo. Ukipata nyumba inayotengeneza bammy, kaa hapo hata kama ratiba inalia. Hicho ni kitu cha Wataino, wenyeji wa kisiwa kabla ya Wahispania, na malighafi yake ni muhogo, zao lililotoka Amerika likaja kutulisha sisi. Mara nyingi hutumika muhogo mchungu. Unamenywa, unakunwa kwenye bati lililotobolewa kwa msumari, halafu machicha yanafungwa kwenye gunia na kukamuliwa kwa uzito wa mawe au jeki. Maji yanayotoka yana sumu ya sayanidi, hayachezewi. Kuku akiyanywa anaweza kufa. Machicha yaliyokauka yanachekechwa na kutiwa chumvi, kisha yanamwagwa ndani ya pete ya chuma juu ya bamba la moto, unene wa kama sentimita moja, na kugandamizwa. Hakuna maji wala mafuta: wanga wenyewe unashikana. Ikivunjika wakati wa kugeuza, ama haikukamuliwa vya kutosha au moto ulikuwa mdogo. Baadaye inalowekwa kwenye tui la nazi dakika chache, inakaangwa mpaka ibadilike rangi, na kuliwa na samaki wa kukaanga mwenye vitunguu, siki na pilipili mbuzi.

Vingine mezani utavitambua bila kuelezwa. Callaloo ya Jamaika ni mchicha. Wali na maharage hupikwa kwa nazi. Shelisheli huchomwa zima kwenye moto mpaka ganda liwe jeusi. Kapteni Bligh aliileta mwaka 1793 kutoka Tahiti, ili wenye mashamba wawalishe watumwa kwa gharama ndogo. Usilolijua ni akee, tunda jekundu lililotoka Afrika Magharibi, linalopikwa na samaki mkavu wa chumvi. Kula lililopikwa na mwenyeji tu, usijichumie. Mpaka lijifungue lenyewe mtini, lina sumu inayotapisha na hata kuua.

Kwa Waislamu: semeni siku mnayolipia, si mezani. Kuku na nguruwe wa jerk, yaani waliopakwa viungo vikali, huchomwa juu ya wavu mmoja, na kuku wa halali si jambo la kutarajia vijijini. Samaki kwenye sufuria yake ndiyo njia rahisi. Na Appleton ikiwa kwenye ratiba, omba muda huo muwekwe kijijini, au Middle Quarters barabarani, ambako akina mama huuza kamba wa mtoni wenye pilipili kali kwenye mifuko.

Pesa: chukua dola za Jamaika za noti ndogo kutoka mjini, kwa sababu milimani usitegemee ATM. Dola ya Marekani inapokelewa, lakini chenji itahesabiwa kwa kiwango cha anayekupa chenji. Bakshishi ya dereva na ya mwongozaji wa kijiji zitoe mbalimbali, mkono kwa mkono. Ile inayokusanywa kwenye bahasha moja ndani ya gari wakati wa kurudi huwa haipandi tena mlima. Na "kituo cha sanaa" cha dakika arobaini na tano karibu na hoteli, ambako hakuna aliyeomba kwenda, kwa kawaida ni mahali ambapo dereva anapata asilimia yake. Kikundi kidogo kinaweza kukubaliana asubuhi kukipita. Kikapu au pembe nunua kule kule kwa aliyetengeneza.

Kuhusu tarehe, 6 Januari ni sikukuu kubwa ya Accompong: ngoma, abeng, nyama ya nguruwe isiyotiwa chumvi chini ya Kindah, na umati. Ni siku nzuri ya kushuhudia, mbaya ya kuuliza maswali. Barabara huziba na magari yanaachwa mbali. Anayetaka mazungumzo aende siku ya kawaida katikati ya wiki, kati ya Januari na Machi, mvua zikiwa chache.

Halafu kuna Melissa. Kimbunga hicho kiliingia nchi kavu kusini magharibi mwa Jamaika tarehe 28 Oktoba 2025, na St. Elizabeth ikapigwa vibaya, mji wa Black River hasa. Ratiba nyingi mtandaoni ziliandikwa kabla ya hapo. Usiulize tu kama ziara "ipo". Uliza barabara gani itatumika, nani anawapokea Accompong, chakula kinapikwa nyumba gani, na kituo cha pili kimefunguliwa au bado. Mwenye ziara anayepiga simu kijijini kwanza ndipo akujibu, huyo mlipe. Anayejibu papo hapo kwamba kila kitu kiko sawa, endelea kutafuta.