Sanduku la Nota

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa.

Jumanne wiki hii nimeng'olewa meno mawili ya mbele, ya juu. Kwa mtu mwingine hiyo ni habari ya kunywa uji na supu siku tatu, basi. Kwa mpiga tarumbeta ni msiba. Tarumbeta inakaa juu ya midomo, na midomo inaegemea meno. Meno yakiondoka, sauti ya juu inageuka upepo unaopita chini ya mlango. Nimepiga tarumbeta kanisani tangu 1974, mwaka niliopata kipaimara. Nimepiga kwenye harusi, kwenye maziko, na alfajiri za Pasaka makaburini wakati baridi ya mlima inafanya vidole vigome kubonyeza. Jumatano niliishika tena, nikapuliza, ikanizomea.

Alhamisi wakaja wazee wawili wa usharika kunijulia hali. Walileta ndizi na maziwa, wakaomba vizuri sana, na baada ya Amina wakaniambia kwamba baraza limeona nipumzike, kikundi kiongozwe sasa na kijana fulani. Kijana mwenyewe nimemfundisha mimi, tangu alipokuwa hajui kushika pumzi. Neno "upumzike" walilitamka kama mara sita. Ukiambiwa mara moja ni upendo. Mara sita ni barua ya kuachishwa kazi.

Nikasema, "Asanteni, wazee wangu." Walipopita geti nikaenda chumbani, nikalifunga sanduku la nota. Humo mna nota za miaka zaidi ya thelathini, nilizonakili kwa mkono, sauti zote nne, nyingine usiku kwa taa ya chemli. Nikaweka kufuli, ufunguo nikautia mfukoni, nikajisemea moyoni: sasa wapige wanachokijua. Hilo ndilo lililokuwa tendo langu la imani wiki hii. Nalikiri mbele yenu.

Binti yangu aliona nimenuna. Hakunihubiria. Aliniwekea kwenye simu muziki wa mpiga tarumbeta wa zamani, rekodi iliyopigwa Paris mwaka 1938, akasema, "Baba, msikilize kwanza, halafu nikupe habari zake." Nikasikiliza. Wapendwa, yule mtu alikuwa anapiga! Sauti inapanda bila kusukumwa, inakaa pale juu inacheka, inashuka inapotaka yenyewe. Ni muziki wa dansi, jazi, si wa ibada, na wako watakaoniuliza mzee wa kanisa anatafuta nini huko. Natafuta alichotafuta Sauli alipomwita Daudi.

Jina lake ni Eddie Rosner. Alizaliwa Berlin mwaka 1910, katika familia ya Kiyahudi iliyotoka Poland. Alianza na fidla, akasoma muziki kwa utaratibu wa Kijerumani, kisha tarumbeta na jazi vikamteka. Alikuwa na masharubu membamba na madoido mengi jukwaani, na hata alikuwa akipiga tarumbeta mbili kwa wakati mmoja. Hapo nilicheka, pamoja na fizi zangu zilizoshonwa. Katika Hesabu 10 Bwana anamwagiza Musa atengeneze tarumbeta mbili za fedha, lakini naamini alikusudia wapigaji wawili. Watu wakamwita Armstrong mweupe. Husimuliwa kwamba Louis Armstrong mwenyewe alimwandikia hivyo juu ya picha, naye akamjibu kwa picha yake, akimwita Rosner mweusi.

Mwaka 1933 Hitler akashika madaraka, na Myahudi mwenye tarumbeta hakuwa na nafasi tena Ujerumani. Nilisimama kidogo hapo. Tarumbeta tulizo nazo huku kwetu chini ya mlima tuliletewa na wamisionari wa Kijerumani; mababu zetu walifundishwa na watu wa nchi ileile iliyokuja kumfukuza huyu. Rosner akaenda Poland, akaunda bendi yake, akawa maarufu. Septemba 1939 majeshi ya Hitler yakaingia na huko. Yeye na mkewe Ruth, binti wa mwigizaji mashuhuri Ida Kamińska, wakakimbilia mashariki hadi Białystok, upande uliochukuliwa na Wasovieti. Nako alikutana na kibali cha ajabu. Mkuu wa chama cha Kikomunisti wa Belarusi, Ponomarenko, alipenda jazi. Yule mkimbizi akapewa kuongoza okestra ya jazi ya taifa ya Belarusi, akazunguka nchi ile kubwa miaka yote ya vita akiwapigia raia na askari.

Vita vikaisha, kibali nacho kikaisha. Mwaka 1946 muziki wa namna yake ukaanza kuitwa uchafu wa kigeni, na magazeti yakamshambulia. Akajaribu kurudi Poland, akakamatwa Lvov pamoja na mkewe. Kosa lake likaandikwa kuwa la kuisaliti nchi, akahukumiwa miaka 10 ya kambi ya kazi ngumu. Ruth akapelekwa uhamishoni Kazakhstan. Rosner akapelekwa mashariki ya mbali, Khabarovsk, na mwishowe Magadan, mlango wa Kolyma, mahali ambapo wafungwa walichimba dhahabu katika baridi inayoshuka hadi nyuzi 50 chini ya sifuri. Huko kiseyeye kikamshika. Mnakijua kiseyeye: kinalegeza fizi na kung'oa meno. Niliposikia hilo niligusa mdomo wangu.

Sasa sikilizeni. Wakuu wa kambi waliposikia wana Rosner mikononi mwao, walitaka muziki. Akaambiwa aunde bendi ya wafungwa. Akaiunda. Akapiga kambini, akapiga mbele ya walinzi na mbele ya wafungwa wenzake, na waliokuwa kwenye bendi wakapona kazi za kuua watu kule nje.

Nilikuwa nimepanga tafakari hii iwe na mambo matatu. Nimefika hapa nimeona mawili yatangoja, maana hili ni la Zaburi ya 137 na halikuniacha nilale. "Kando ya mito ya Babeli ndiko tulikoketi, tukalia tulipoikumbuka Sayuni." Zaburi hiyo ni ya watu wake Rosner kabla haijawa yetu. Waliowachukua mateka wakawaambia: tuimbieni baadhi ya nyimbo za Sayuni. Nao wakavitundika vinubi vyao katika miti, wakauliza: "Tuuimbeje wimbo wa Bwana katika nchi ya ugeni?"

Sisi huwa tunahubiri kwamba kutundika kinubi ni uaminifu, na ni kweli: kuna nyimbo ambazo mtu hampi adui azichezee. Lakini nimeisoma tena wiki hii nikicheka na kulia. Hao waliosema hawawezi kuimba, wamelisema hilo kwa wimbo! Zaburi ni wimbo. Walivitundika vinubi, wimbo ukawaponyoka hivyohivyo, nasi tunauimba hadi leo. Na Rosner, ambaye hakukitundika, simhukumu. Waliomwambia apige walikuwa walinzi, lakini waliosikia hawakuwa walinzi peke yao. Nyuma kabisa, sehemu isiyo na viti, palikuwa na mtu aliyechukuliwa usiku nyumbani kwake, ambaye siku nzima anaitwa kwa namba. Jioni hiyo akasikia tarumbeta. Nani aniambie yule mtu alisikia nini?

Sasa nijigeukie mimi mwenyewe, maana Roho hakunigeuza kwa Rosner ili nimhurumie Rosner. Yeye alikuwa Babeli, mimi niko wapi? Niko nyumbani kwangu. Nina blanketi, nina binti anayenipikia uji, nina wazee wanaonibebea maziwa. Hakuna aliyeniteka. Na mimi ndiye niliyetundika kinubi! Nimekitundika katikati ya Sayuni, nikaweka na kufuli, tena si kinubi changu. Zile nota ni za kanisa. Karatasi ilinunuliwa na sadaka za akina mama waliouza mayai. Wino ulitoka kwa Mungu, na hata macho yaliyonakili usiku yalitoka kwake. Nilichokifungia ndani ni kununa kwangu, nikakiita heshima.

Kuna ndugu anasoma hapa, naye ana sanduku lake. Dada yangu, ulifundisha shule ya Jumapili miaka 12, siku wakamchagua mwingine ukaondoka na picha zote za mafundisho, watoto wakabaki wanaangalia ukuta. Kaka, ulikuwa mhazini, ukakabidhi daftari lakini hukukabidhi maelezo, unangoja wakosee ili waseme "afadhali yule." Mama mkwe, unajua mapishi ya sikukuu, unamwangalia mkwe wako akiunguza na unanyamaza. Tutasimamaje na hayo? Yohana alisema, "Yeye hana budi kuzidi, bali mimi kupungua." Alisema hivyo wanafunzi wake mwenyewe walipomlalamikia kwamba watu wote wanamwendea mwingine. Tunaupenda mstari huu ukiwa ukutani. Siku unapokuja na ndizi na maziwa, tunaufungia mlango.

Na ninyi wa mabaraza, msifurahi mapema, nina neno na ninyi pia. Kumpumzisha mtu baada ya miaka hamsini kwa dakika kumi, katikati ya maombi ya ugonjwa, si ustaarabu. Mngeniita kikundini. Mngeniacha nimkabidhi yule kijana mbele ya wenzake, nimwekee mikono, nimwonye kuhusu besi. Mnawaaga wachungaji kwa mbuzi na vitenge, na mfagiaji aliyefagia kanisa miaka ishirini mnagundua ameacha pale vumbi linapoonekana. Mhubiri 9 inasimulia juu ya maskini mmoja aliyeuokoa mji kwa hekima yake, wala hakuna aliyemkumbuka. Msiufanye usharika kuwa mji ule. Nimesema, na sina kinyongo. Sawa, ninacho kidogo, nakiombea.

Habari ya Rosner ilinichoma zaidi kwa yale yaliyofuata. Stalin, mtawala wa Wasovieti, akafa 1953, na mwaka uliofuata Rosner akaachiliwa. Ndoa yake na Ruth haikusimama tena. Kambi haivunji mwili peke yake, na yeye mwenyewe hakuwa mtakatifu. Alikwenda Moscow akaanza upya, akaunda okestra nyingine kubwa. Mwaka 1956 ikatoka filamu ya vichekesho ya mkesha wa mwaka mpya ambayo mamilioni ya watu waliipenda, na muziki ndani yake ulipigwa na okestra yake. Jina lake halikuandikwa kwenye filamu ile. Watu walicheza majumbani mwao kwa tarumbeta za mtu wasiyemjua. Miaka ya 1970 okestra ikavunjwa, na mwaka 1973 akaruhusiwa kuondoka, akarudi Berlin, upande wa magharibi, mji aliozaliwa. Alipoondoka, kule alikotoka jina lake likafutwa kama halijawahi kuwako. Akafa 1976, maskini, na wachache tu walijua ni nani aliyekufa.

Nimefikiri sana juu ya hilo. Mimi nilinuna kwa sababu nilitaka jina langu likae juu ya muziki. Huyu aliondolewa jina, na muziki ukaendelea bila yeye kila mkesha wa mwaka mpya. Katika Waebrania 6:10 imeandikwa: "Maana Mungu si dhalimu hata aisahau kazi yenu." Mwandishi hasemi kwamba usharika hautasahau, maana usharika unasahau, nilikwisha kusahau mimi mwenyewe jina la mwalimu msaidizi aliyenifundisha kushika tarumbeta 1974. Nimejaribu tangu Ijumaa. Sura yake naikumbuka, na koti lake la kahawia, na kwamba alikuwa akitupigia mluzi sauti ya pili kwa sababu tarumbeta zilikuwa tatu na sisi tulikuwa tisa. Jina limepotea. Yale mapumziko anayoweka kijana wetu leo kabla ya ubeti wa mwisho ni ya mzee yule. Mungu anajua ni ya nani.

Mambo yale mawili mengine: moja lilikuwa juu ya Sila na Paulo kuimba usiku wa manane, mnalijua. Lingine lilikuwa juu ya kuwaombea wafungwa, na hilo lifanyeni leo kabla hamjalala.

Jana jioni nilimpigia simu yule kijana. Akaja na shemasi mmoja na toroli, maana sanduku ni zito. Aliogopa kuniangalia. Akasema, "Shikamoo, mwalimu," mara mbili. Nikampa ufunguo, nikamwonyesha zipi ni za maziko, zipi za Pasaka. Nikamwambia kwenye wimbo wa pili wa Majilio kuna kosa la besi. Nililirekebisha kwa penseli zamani na alama imefifia, asije akadhani mtoto alichora. Walilipandisha sanduku kwenye toroli, wakaondoka. Walipofika getini akaacha toroli, akarudi mbio kuniuliza kosa liko kwenye mstari wa ngapi.