Siku moja maishani mwangu: mtunzi wa muziki wa filamu

Saa 11 alfajiri niko mezani. Si bidii. Saa hii hakuna kelele, na kazi yangu kubwa ni kusikiliza ukimya wa tukio kabla sijautia doa. Natunga muziki wa filamu, zile ndogo ambazo watu huinuka majina yakianza kupanda, kabla langu halijafika. Nikitaja kazi yangu naulizwa, "Kwa hiyo unaimba?" Siimbi. Mtindo wangu ni wa kibahili: selo moja, ile ala ya nyuzi kubwa kuliko fidla na yenye sauti nzito zaidi, na piano iliyowekewa kitambaa kizito kati ya nyundo na nyuzi ili inong'one. Basi.

Hadi saa 3 vipande viwili vimekamilika.

Saa 4, simu ya mwongozaji. Hapo ndipo siku ilipoharibika. Wakati wa kuhariri walibandika muziki wa filamu nyingine, wa kushikiza tu, picha zisiwe kavu. Ameusikiliza miezi mitatu, masikio yameshalowea. "Wako mzuri, ila haunigusi kama ule." Ule ni okestra nzima! "Basi fanya kama ule, ila usiwe ule."

Tukio lenyewe: mama anakunja shati la mwanawe aliyefariki. Mwongozaji anataka fidla zilie tangu mwanzo. Mimi nasema mikono ya yule mama inatosha. Muziki uingie pale anapogusa kifungo kilicholegea. Tukabishana saa nzima. Kwa kiherehere changu nikamtajia filamu ya Psycho ya 1960, kwamba mwongozaji wake, Hitchcock, alitaka tukio la bafuni lisiwe na muziki kabisa. Akacheka. "Na mtunzi wake, Bernard Herrmann, akaliandikia fidla, na Hitchcock akakubali. Umeona?" Mfano wangu mwenyewe ukanigeuka.

Mchana mhariri akatuma mkato mpya. Kapunguza fremu 19 tu, yaani picha moja moja za filamu, anasema. Tu! Filamu inakwenda fremu 24 kwa sekunde, na kipande changu kina mapigo 60 kwa dakika, yaani pigo moja ni fremu 24. Kwa hiyo noti yangu ya kifungo sasa inalia shati limeshawekwa sandukuni. Nikarudi nyuma, nikaongeza kasi kidogo kidogo kwenye mapigo yaliyotangulia, mtu asihisi anasukumwa.

Baada ya hapo saa sizikumbuki vizuri. Mpiga selo alikuja, tukarekodi mara saba, tukachukua ya pili, ile yenye mkwaruzo wa upinde. Macho mazito nikajaza orodha ya vipande: jina, urefu, mtunzi. Usipoijaza, mirabaha usahau.

Giza lilishaingia zamani nilipotuma. Nilikuwa nimeweka sauti moja tangu mwanzo, nyembamba kama uzi, hadi kifungoni ikashuka na piano ikaingia. Mwongozaji akanijibu papo hapo: "Hizo ndizo fidla nilizokuwa nazililia!"

Hakuna fidla pale. Ni selo, juu kabisa kwenye uzi wake wa kwanza. Sikumwambia.