Kupanda Mau kupitia Nessuit

Matatu ya Njoro nilipanda Nakuru mapema, kisha bodaboda ikanipitisha Egerton hadi Nessuit. Ukienda, vaa gambuti. Mvua ya usiku mmoja yatosha kuufanya udongo wa Mau Mashariki ung'ang'anie gurudumu, na pikipiki huisukuma mwenyewe kilimani.

Nessuit ndipo Waogiek, jamii ya warina asali wenyeji wa msitu wa Mau nchini Kenya, walipojenga mfano wa msitu wao kwa kadibodi mwaka 2006, uwe ramani ya kutetea ardhi yao. Kazi ni hivi: mistari ya mwinuko hunakiliwa kutoka ramani ya kawaida, kila mmoja hukatwa kwenye kadibodi yake, tabaka hubandikwa moja juu ya jingine mpaka mabonde yaonekane. Kwa kipimo cha 1:10,000, sentimita moja mezani ni mita 100 msituni. Wazee ndio huweka pini penye alama, nyuzi za sufu kwenye mito na njia, na rangi kwenye maeneo. Kosa linaloharibu yote ni kupaka rangi kabla ya koo kukubaliana maana yake: rangi ile ile ikiwa mianzi kwa ukoo huu na malisho kwa ukoo ule, mtetezi hana cha kusimamia. Majina nayo yaandikwe Kiogiek kwanza.

Nikiwa njiani kupanda Mariashoni nilielewa kwa nini wanajali hivyo. Eneo la ukoo, konoito, hupanda kutoka miinuko ya chini hadi juu kwenye baridi, kwa kuwa maua hayachanui wakati mmoja. Nyuki hufuata maua, mrina asali hufuata nyuki. Kumpa Mwogiek kiwanja sehemu moja ya mlima ni kumwachia msimu mmoja tu wa mwaka wake.

Mzinga huchongwa gogo la mtarakwa, ambalo haliozi upesi na mchwa hawalipendi. Hupasuliwa katikati, hukombwa ndani, vipande viwili hufungwa tena, kisha hupandishwa mtini. Wakati wa kurina, moshi uwe wa kufuka, usiwe na miali, maana joto huunguza mabawa. Sega lenye majana, yaani watoto wa nyuki, huachwa. Ukilikata, kundi hudhoofika na huenda likahama. Mashamba ya saipresi yaliyochukua nafasi ya miti ya asili ni kijani kweli, lakini kwa nyuki ni njaa: hayana nekta.

"Mzee, ilani ya serikali ya 2009, ya kuwataka mhame msituni, ilikuwa ya siku ngapi?" nilimuuliza mwenyeji wangu.

"Thelathini, mwanangu. Mzinga mmoja tu hauhamishwi kwa siku hizo."

Kesi iliyotokana na ilani hiyo Waogiek waliishinda Arusha tarehe 26 Mei 2017. Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu ilikataa hoja ya serikali ya Kenya kwamba kuhifadhi msitu kulihalalisha kuwafukuza. Tarehe 23 Juni 2022 iliamuru walipwe fidia ya shilingi za Kenya 57,850,000 kwa hasara ya mali na 100,000,000 kwa madhara mengine. Kwangu mimi, amri nyingine ndiyo nzito zaidi: ardhi ya mababu ipimwe, iwekewe mipaka na kupewa hati ya pamoja, kwa kushauriana nao. Mpaka huo hauwezi kuwekwa vyema na mtu asiyejua konoito ya nani inaishia kijito gani.

Tuliteremkia Elburgon jioni, mzee akinitajia kila kijito tulichovuka na ukoo wake. Niliandika vyote, na tahajia akanisahihisha mara mbili.